Tini za Kaisari

Mwanaisha alizikwa Likoni siku ya Jumatano kabla ya adhuhuri, na mimi nikafika alasiri, kaburi limekwisha kufunikwa. Nilikaa na wanawake chumbani, juu ya mkeka, nikala wali wa matangani bila kusikia ladha yake. Shangazi yake alinitazama sana, kisha akaniuliza, "Wewe ndiye yule wa Riyadh?" Nikasema ndimi. "Alikuwa akikutaja. Asema mlikuwa mwatazama sinema na mzee wa watu badala ya kufanya kazi." Wanawake wakacheka kile kicheko kidogo cha msibani, nami nikacheka nao. Sikuwaeleza zaidi. Lakini nilipokuwa nimelala chumbani mwa wageni, nikisikiliza feni ikizunguka, niliona kwamba watu wawili waliojua mambo ya mwaka ule wamekwenda, na nimebaki mimi. Sikusoma sana, niliishia darasa la nane. Nitaandika kama nilivyoona, na pale nilipokosea nitasema nilikosea.

Nilikuwa na miaka ishirini na saba. Nyumba ilikuwa Al-Malqa, kaskazini mwa Riyadh, nyumba kubwa ya rangi ya mchanga yenye ukuta mrefu kiasi kwamba kutoka uani uliona mbingu tu. Kazi yangu ilikuwa kumtunza Mzee. Mwanaisha alikuwa jikoni. Madam, binti wa pekee wa Mzee, alikwenda ofisini asubuhi na kurudi jioni, na mumewe, ambaye ndiye aliyekuwa kafili wetu, yaani mdhamini wa vibali vyetu, alikuwa safarini zaidi ya nyumbani. Hivyo kwa saa nyingi za mchana tulikuwa watatu tu katika nyumba ya vyumba kumi na kitu. Chumba cha Mzee kilikuwa chini, upande wa nyuma, na mapazia yake ya kijani hayakufunguliwa kamwe kwa sababu ya jua. Mwanga ulioingia humo ulikuwa wa kijani pia, kama mwanga wa ndani ya maji, na kiyoyozi kilinguruma taratibu, na harufu ya ubani ilichanganyika na ile ya kahawa yenye iliki. Mpaka leo nikiota Saudia, siioti jangwa wala misikiti. Naota chumba kile, na ndani ya ndoto najua ni saa kumi alasiri, na najua kwamba hakuna mtu atakayetuita.

Mzee alikuwa amefundisha historia shule za sekondari maisha yake yote. Kiharusi kilimlegeza mkono wa kushoto lakini hakikumgusa ulimi. Alichokataa ni dawa. Kulikuwa na kidonge kimoja cha moyo ambacho daktari alisema asikikose hata siku moja, na hicho ndicho alichokitema. Alisema kinamfanya asinzie, na kwamba amechoka kuamuliwa na watu aliowafundisha kusoma. Madam alilia, akabembeleza, akagomba. Mwishowe akanifuata kufulia, akafunga mlango, akaniambia nikisage kile kidonge nikitie ndani ya tini, kwa sababu tini ndilo tunda asilolikataa. "Usimwambie. Yalla, ni kwa faida yake." Nikafanya. Kila alasiri nilipasua tini moja laini kwa kisu kidogo, nikatia ule unga mweupe katikati ya zile mbegu, nikaibana tena kwa vidole, nikaiweka sahanini pamoja na nyingine tatu. Siku ya kwanza aliitazama ile sahani, akaniuliza kama kuna kitu. Nikasema, "Mafi, baba." Hakuna. Alikula, na mimi nikakunja mikono nyuma kama mtoto wa shule.

Mjukuu wake mmoja alikuwa amemletea diski za tamthilia za Kirumi, zilizotiwa sauti za Kiarabu. Baada ya swala ya alasiri nilimketisha kitini, nikamfunika miguu, nikawasha televisheni. Mwanaisha alikuja na kahawa na akasahau kuondoka. Yeye alijua Kiarabu vizuri, cha chuoni na cha kazini, na mimi nilikuwa na kile cha jikoni tu, basi akawa ananitafsiria kwa sauti ya chini. Tatizo la Mwanaisha ni kwamba alitia na vyake.

"Sasa yuwamwambia mkewe, ewe mke, supu hii mbona yanuka soksi?"

"Wacha uongo. Amesema hivyo?"

"Amesema vita. Lakini uso wake wasema supu."

Mzee akageuka. "Anasema nini huyo?"

"Namweleza historia, baba," Mwanaisha akajibu, macho chini kabisa.

Tamthilia ya kwanza ilikuwa ya kijana mmoja mwembamba, mweupe, mwenye macho baridi, ambaye mjomba wake mkubwa aliuawa na kumwachia jina na mali. Alikuwa na miaka kumi na tisa hivi. Alikaa mezani na wenzake wawili wakaandika orodha ya watu wa kuuawa, na mmoja katika orodha ile alikuwa mzee msemaji hodari aliyemsaidia kijana huyo alipokuwa hana mtu. Kijana alibisha kidogo, kisha akaliacha jina liandikwe. Nilimchukia sana. Siku zile nilipokuwa nikisugua sakafu nilikuwa namfikiria yeye, jinsi alivyoifuta kalamu. Diski zile zikaisha, tukaanza nyingine, iliyotengenezwa na watu wengine, na humo kulikuwa na mfalme mtu mzima, mnene kiasi, mcheshi, mwenye kupenda wajukuu na kuogopa radi. Huyu nilimpenda. Wiki mbili nzima nilimpenda, mpaka Mzee alipomtaja kwa jina na nikasikia neno ninalolijua.

"Kaisari Augusto? Yule wa Krismasi?"

Nikamweleza kupitia Mwanaisha kwamba kanisani kwetu, kila mwaka, Injili ya Luka husomwa, na huyo ndiye aliyetoa amri watu wote waandikwe, ndiyo Mariamu akasafiri na mimba yake mpaka Bethlehemu. Utotoni nilidhani ni mtu mbaya, kwa sababu ya kumsumbua mama mjamzito. Mzee alifurahi. Nafikiri ilikuwa mara ya kwanza kwa miaka mingi mtu kumwuliza swali la darasani. Akaniambia, sasa sikiliza vizuri: mfalme huyu mwenye wajukuu ndiye yuleyule kijana wa orodha. Alibadili jina. Alianza kwa kuandika majina ya watu wafe, akamaliza kwa kuandika majina ya watu wote ahesabu wangapi wako hai.

"Si yeye," nikasema. "Sura ni nyingine."

"Sura ni za waigizaji, binti yangu. Mmoja amemwigiza alipokuwa mkatili na mwingine amemwigiza alipokuwa mchovu. Na wote wawili ni warefu mno! Waongo! Alikuwa mfupi. Alivaa viatu vya soli nene aonekane mrefu. Meno yake yalikuwa mabovu. Alikuwa wa kwanza kuwa mfalme mkuu wa Rumi na hakukubali hata siku moja kuitwa mfalme. Alikula mkate wa kawaida, visamaki vidogo, jibini, na tini mbichi." Akanyoosha mkono wake mzima akachukua tini kutoka sahanini mwangu. "Kama mimi."

Nilimtazama akitafuna. Kila nikikumbuka raha ya alasiri zile, na zilikuwa raha, sijapata darasa lingine kama lile maishani, nakumbuka pia kwamba mkononi mwangu chini ya kucha kulikuwa na unga mweupe. Mambo hayo mawili yalikaa pamoja na sikuona vibaya. Nilikuwa nimejizoesha. Nilipojiuliza usiku katika sala zangu kama nimedanganya mtu leo, nilijibu hapana, kwa moyo mweupe.

Kisha ikaja alasiri ya sehemu ile. Mfalme amezeeka, anamshuku kila mtu, hali chakula kilichopikwa, anakula tini tu, tena zile anazozichuma mwenyewe mtini kwa mkono wake. Mkewe anakuja bustanini asubuhi na kikopo na brashi ndogo. Anazipaka tini sumu zikiwa bado mtini. Mwanaisha hakutafsiri. Hakukuwa na haja. Kiyoyozi kilinguruma, mwanga ulikuwa wa kijani, na kwenye kioo mfalme akauma tini. Mzee alikuwa na yake mkononi, ile laini, iliyobanwa. Aliitazama. Aliigeuza upande wa pili. Kisha akanitazama mimi, muda mrefu, wala si kwa hasira, akairudisha sahanini polepole kama mtu anayerudisha kikombe cha thamani.

"Kuna kitu?"

"Mafi, baba."

Siku tatu hakula kutoka mkononi mwangu. Si tini tu, kila kitu. Alikula mkate alioukata mwenyewe na maji ya chupa aliyoifungua mwenyewe kwa meno. Jikoni Mwanaisha, niliyekuwa nimemweleza siri ya unga, alikuwa akikatakata vitunguu vingi kuliko vilivyohitajika.

"Shoga, nisikize. Nyamaza kimya. Ukiulizwa, mafi. Ukiulizwa tena, mafi. Mpaka wachoke."

"Na akikufa njaa?"

"Hafi mtu kwa mkate. Wewe ndiye utakayekufa. Wajua neno hilo likitoka mdomoni mwa watu hapa, kwamba mfanyakazi atia kitu chakulani? Halirudi. Hawatauliza ni nini. Wataita polisi kwanza."

Nilijua. Sote tulijua wasichana waliosingiziwa, kwa unywele tu uliopatikana kwenye mchuzi. Na jioni ya siku ya tatu Madam, ambaye ndiye aliyefunga mlango wa kufulia na kunituma, alisimama mbele yangu, uso umemshuka, akaniuliza mbele ya mumewe, "Umemfanya nini baba yangu?" Hakuwa ananisingizia kwa ubaya. Alikuwa ananiomba kwa macho nisimtaje. Nilielewa wakati uleule kwamba katika nyumba ile mtu wa kutajwa ni mmoja tu, na ni mimi. Nikasema sijui, madam. Hilo pia lilikuwa uongo. Uongo wangu ulikuwa umefika mara ya tatu.

Asubuhi ya nne nilipiga magoti mbele ya kiti chake na sahani. Sikumwita Mwanaisha. Kwa Kiarabu changu cha jikoni, bila vitenzi vya maana, nilipasua tini, nikamwonyesha unga, nikaweka chupa ya dawa kando yake. Nikasema hii ni ya moyo. Nikasema tangu majira ya joto, kila siku, mimi. Nikasema nilikudanganya na naogopa. Mzee akaichukua ile chupa akaisoma kibandiko, mwalimu yule, mwanzo hadi mwisho.

"Nani alikutuma?"

"Unajua, baba."

Kisha mabega yake yakaanza kutikisika nikadhani ni kiharusi cha pili, kumbe anacheka. "Miaka elfu mbili," akasema, akijifuta macho, "watu wamebishana kama mke wa Kaisari alimpa tini za sumu. Wengine wanasema alimpa, wengine wanasema ni porojo, na yeye hakutamka neno. Na wewe unaniletea kwenye sahani, pamoja na kibandiko! Hufai kabisa kuwa malkia." Alicheka mpaka Mwanaisha akaja mbio na kijiko mkononi. Kisha akaacha kucheka. Akaniambia kwamba kuanzia siku ile nitamwambia kila kilichomo ndani ya kila kitu, naye atachagua. Kama akisema leo ndiyo, ni ndiyo. Kama akisema leo hapana, ni hapana, na nisimbembeleze. Nikakubali.

Hii ndiyo sehemu ngumu ya kuandika. Kuna siku alisema ndiyo, kuna siku alisema hapana, na hapana zilikuwa nyingi. Mimi nilitimiza ahadi. Nilimwambia Madam pia, maana sasa nilikuwa nimeanza kusema kweli na sikujua pa kuachia. Hakunifukuza. Alikaa chini kwenye ngazi, viatu vya ofisini vikiwa mkononi, akasema, "Bora ungeendelea kudanganya." Wiki zilivyopita miguu ya Mzee ikavimba na pumzi zikawa fupi. Baridi ilipoingia akaomba apelekwe Jeddah, alikozaliwa, na tukaenda wote, katika fleti ya dada yake marehemu yenye roshani za mbao na hewa nzito yenye chumvi. Ijumaa nilipewa saa chache nikaenda mtaa wa Al-Mahjar, kwenye chumba cha akina dada wa Kenya waliokuwa wakifanya usafi hospitalini. Walisonga ugali katika sufuria kubwa, tukala sakafuni na sukuma wiki ya huko, ambayo si sukuma hasa, na nikawaeleza. Nilitaka mtu aniambie nilifanya vizuri.

"Wee!" Nduku akasema, tonge likiwa njiani. Alikuwa mkubwa wetu wote. "Kwa hivyo mtu hataki dawa na wewe unamwachilia tu? Ati ameamua? Mzee wa watu unamuua na ukweli wako!"

"Ungekuwa wewe?"

"Mimi ningetia hata kwa chai, kwa supu, kwa kila kitu. Na nilale vizuri sana."

Wengine walicheka, na mmoja akasema Nduku hulala vizuri hata akiwa zamu. Nami nilicheka, lakini nilirudi nikiwa sijaona njia. Hata leo, nimewatunza wagonjwa wengine, nimewazika wazazi wangu, na bado sina jibu la Nduku. Najua tu kwamba nilikuwa nimempokonya Mzee kitu mara moja, na sikuweza kukichukua tena.

Sehemu ya mwisho tuliitazama Jeddah, yeye amelala, televisheni imewekwa juu ya kabati. Mfalme anakufa kitandani. Mwigizaji alipiga kelele, akashika kifua, akatoa laana. Mzee akachukia. "Siyo! Zimeni." Akatueleza yaliyoandikwa na watu wa zamani. Siku yake ya mwisho aliagiza kioo, akachanwa nywele, akaufanya uso wake ukae vizuri, kisha akawaita rafiki zake akawauliza kama wanaona ameigiza vyema sehemu yake maishani. Kama ameigiza vyema, wapige makofi. "Mfalme wa dunia nzima," Mzee akasema, "na alijua ni mchezo." Mwanaisha akauliza kama walipiga. Mzee akasema hilo halikuandikwa. Chini barabarani mtu aliuza matikiti kwa kipaza sauti, na jua lilipenya kwenye mbao za roshani likachora mistari ya mwanga juu ya shuka lake, mistari inayotembea, na kwa muda sikujua tuko mwaka gani.

Siku mbili baadaye Madam alikuja kutoka Riyadh. Alimwona baba yake, akatoka, akanivuta jikoni. Hakuamuru safari hii. Alinishika mikono yote miwili, yeye aliyekuwa hajawahi kunigusa. "Nakuomba. Kwenye juisi. Siku chache tu, mpaka nizoee." Aliposema mpaka nizoee nililia, kwa sababu alikuwa mkweli kuliko mimi wakati huo. Alikisaga kile kidonge mwenyewe, kwa mgongo wa kijiko, akakoroga kwenye juisi ya komamanga, akanipa glasi. Kisha akanifuata, akasimama mlangoni, akijifanya anatazama simu.

Nilimwinua Mzee kwa mito. Niliweka glasi mkononi mwake, mkono wangu chini ya wake. Akaniuliza kwa sauti ndogo sana, iliyotufikia sisi wawili tu.

"Kuna kitu?"

"Kiko, baba."

Alitazama juu ya bega langu, akamwona bintiye mlangoni, na simu ile ambayo kioo chake kilikuwa kimezimwa. Alimtazama kama alivyokuwa akitazama televisheni, kwa makini, bila haraka. Kisha akainua glasi akainywa yote, mpaka tone la mwisho, akafuta midomo, akasema kwa sauti ya kusikika chumba kizima, "Tamu. Nani ameitengeneza?"

"Mimi, baba," Madam akasema.

"Tengeneza tena kesho."

Akatengeneza kesho, na keshokutwa, na kila siku kabla ya kuinywa aliniuliza nami nikamjibu, na kila siku akainywa na kuisifu. Mwanaisha alijua, alisikia yote akiwa anakunja nguo. Siku kumi na moja. Asubuhi ya kumi na mbili hakuamka. Wanaume wakaja wakamchukua, na sisi tukafua mashuka. Jioni Madam alinikuta jikoni nikiosha glasi, macho yamemvimba, akanikumbatia. Akasema Mungu anilipe kwa siku zile, akasema baba yake hakujua hata kidogo kilichomo ndani ya juisi, alikufa bila kujua, nilificha vizuri. Mwanaisha aliacha kufuta meza. Nilisikia maji yakitiririka.

"Asante, madam," nikasema.